Pakiti ya Pili

Mama Gatera hali akitembea. Nalisema hili mapema, maana ukilikosa hili utamkosa yeye mzima. Katika ghala la viatu anakofanya kazi hapa Louisville, Marekani, mapumziko ya chakula ni dakika ishirini, na wenzake hutafuna mkate huku wakikimbilia mashine ya kupiga kadi. Yeye hupindua kreti la plastiki, hutandaza leso, huketi, huomba, kisha hula yai lake la kuchemsha kama mtu aliyealikwa harusini. Mwaka wa kwanza msimamizi alimwambia kwamba anachelewesha kazi. Kiingereza chake kilikuwa bado kichanga, kwa hiyo alimweleza kwa mikono kwamba atakula ameketi au hatakula. Siku tatu hakula. Siku ya nne msimamizi mwenyewe alimletea kreti.

Jina lake ni Mukandoli. Alizaliwa katika milima ya Kivu Kusini, kwa watu wa ng'ombe, akakimbia vita na mtoto mgongoni, akamzika mumewe kambini Burundi, na mwaka 2010 akashuka ndege Louisville na sanduku moja na mwana mmoja wa miaka kumi na mitatu. Mimi ni Jemutai, Mkenya niliyekuja kusomea uuguzi, nikapata kazi, nikaacha kuhesabu miaka. Tulijuana kanisani, kwenye ibada ya Kiswahili. Ananizidi umri kwa miaka kumi na mitano. Mimi nina ulimi mkali, yeye ana kichwa kigumu, ndiyo maana tulielewana upesi.

Kwao mtu mzima hali njiani. Hali amesimama, wala haingii mahali penye wageni akiwa na chakula mdomoni. Anayefanya hivyo, watu husema hakupata wa kumlea, na anayetukanwa hapo ni mama yake. Mimi Mkalenjini nimetafuna mahindi ya kuchoma barabarani tangu nilipoota meno, na nilimwambia hivyo. Alinitazama kwa huruma, akaniongezea chai.

Sasa huyo Gatera, mwanawe wa pekee, alikuwa kijana mwepesi wa kucheka na mwepesi wa Kiingereza. Ukimsemesha kwa Kiswahili anakujibu kwa Kiingereza, na hata hajui kwamba amefanya hivyo. Ijumaa moja ya Oktoba 2014 shule yao ilikuwa na mechi, na darasa lake likapewa zamu ya kuuza chakula uwanjani. Chakula chenyewe ni hiki: unachukua pakiti ndogo ya chipsi za mahindi, unaipasua ubavuni, unazivunjavunja chipsi humo humo, unamwagia nyama ya kusaga iliyokaangwa na viungo, nyanya, letasi na jibini, kisha unachomeka uma wa plastiki. Pakiti ndiyo sahani. Unakula ukienda zako. Wamarekani hukiita taco ya kutembea, jina ambalo kina mama wa kanisa letu hawalitamki mbele ya mchungaji, na mwenye Kiswahili chake hahitaji kuelezwa sababu.

Gatera ndiye aliyekaanga nyama alasiri nzima, kwa sababu katika darasa lile zima ni yeye tu aliyewahi kupikia watu wengi. Kanisani tunapika kwa sufuria za watu mia. Kijana wa kwetu anajua mwiko mkubwa kabla hajajua kuendesha gari.

Jioni hiyo mama yake alikuwa na wageni. Wazee watatu walikuwa wametoka Columbus kuja kumpa pole ya kufiwa na kaka yake, na mkubwa wao alikuwa Mzee Gakunzi, mtu ambaye akikohoa wengine hunyamaza. Nilikuwapo, nikimimina chai. Mlango ukafunguka, Gatera akaingia akila kutoka kwenye pakiti, na katika mkono wa kushoto ana pakiti nyingine iliyokunjwa mdomo. Hata hajawaamkia wazee, akamnyooshea mama yake ile ya pili. Mama aliona mtoto anayempa mzazi wake takataka amshikie. Akainuka, akazichukua pakiti zote mbili, akaenda jikoni, na sote tukasikia kifuniko cha pipa.

Aliporudi alisema mbele ya wageni, "Kwetu ni ng'ombe ndiyo inakula ikitembea. Huyu sasa anakula mbili mbili."

Wazee wakacheka kidogo, kwa adabu. Mzee Gakunzi akasema mchelea mwana kulia hulia yeye, na wenzake wakaitikia. Gatera akawaamkia mmoja mmoja, vizuri kabisa, akatoka nje.

Nilipotoka nilimkuta kijana ameketi kwenye ngazi za nje. Aliniambia kwa Kiingereza, bila kuinua macho, kwamba ile pakiti ya pili ilikuwa ya mama. Alikuwa ameijaza mwenyewe, ya mwisho, nyama nyingi, bila jibini kwa sababu mama hali maziwa na nyama pamoja. Akaiweka ndani ya jaketi ili isipoe, akapanda nayo mabasi mawili. Kisha akaniambia, Anti, usimwambie.

Nami sikumwambia. Nilijiambia kwamba ni mambo ya nyumba yao, kwamba kijana ameniomba, kwamba yatapita. Ukweli ni kwamba niliogopa kumtia mama yule aibu, na kadiri nilivyokaa kimya ndivyo nilivyozidi kukosa pa kuanzia. Nina aibu nayo mpaka leo.

Hapakuwa na ugomvi baada ya hapo, na laiti ungekuwapo. Gatera alimaliza shule Juni 2015, akasema anakwenda Buffalo kwa mama yake mdogo, Spés, anayekaa kule Lower West Side. Akapata kazi katika kiwanda cha madirisha. Hakupiga simu. Spés ndiye aliyempigia dada yake, kisha akambandika kijana simu sikioni, naye kijana akasema nzuri, niko sawa, haya. Maneno manne kwa mwezi. Mama yake alikuwa akinirudia yale maneno ndani ya gari langu, moja moja, akitafuta ndani yake kitu ambacho hakikuwamo. Methali ya Mzee Gakunzi ni nzuri, lakini huyu hakuchelea mwana kulia, na alilia vilevile. Na kanisa zima liliendelea kumwita Mama Gatera, kila siku, kila mtu, pasipo mtu kufikiri jina hilo linamchoma wapi.

Kila Julai makanisa yetu matatu, la Louisville, la Columbus na la Buffalo, hukutana kwa siku tatu. Mwaka 2016 zamu ilikuwa ya Columbus, katika ukumbi mmoja huko Reynoldsburg. Mwaka uliotangulia vijana walikuwa wametuaibisha: saa ya chakula cha mchana walitoroka wakaenda kununua hambaga. Walipoulizwa walisema ukweli. Chakula chetu kilichukua saa mbili: maji ya kunawa, wazee kwanza, sahani, hotuba ya shukrani, sahani tena, na mpira wao ukafia hapo. Safari hii waliandika barua wakaomba chakula cha kushika mkononi. Mchungaji wetu Sebagabo akaipa Louisville mlo wa Jumamosi mchana, na ukisema jiko la Louisville umemsema Mama Gatera. Watu wote walijua itakuwa sambusa.

Jumapili moja alikuja kwangu, akaketi, akakataa chai mpaka aseme kilichomleta.

"Jemutai, nataka kupika ile chakula ya Gatera. Ile ya pakiti."

Nilimwuliza kama ana homa. Akasema Spés amempigia: Gatera ndiye atakayeendesha gari la vijana wa Buffalo. Akatazama mikono yake, ambayo ghala limeipasua ncha za vidole kwa kubandika lebo.

"Bon. Kwetu muzazi haombi mutoto musamaha na kinywa. Sijui namna inafanywa. Kupika najua."

Hapo ndipo nilipomwambia habari ya pakiti ya pili. Nilimwambia yote, jaketi, mabasi mawili, nyama nyingi bila jibini. Alisikiliza bila kupepesa. Akauliza kama kweli ilikuwa yake, nikasema ilikuwa yake. Akauliza nimejua tangu lini, nikasema tangu usiku ule ule. Hakunitukana. Alichukua mkoba wake akaondoka bila chai, na kwa mtu wa kwao kutoka katika nyumba ya rafiki bila kunywa kitu ni tusi tosha.

Siku nne hakupokea simu yangu. Ya tano alipiga mwenyewe, akauliza watu mia na themanini watahitaji kilo ngapi za nyama. Nikasema ishirini. Nilipokata simu nililia, kisha nikaandika orodha ya manunuzi.

Ninasimulia sasa kosa lake, na nitalisimulia kwa hasira yangu yote, maana nilistahili kuwa nayo. Mimi nilinunua pakiti ndogo, zile hasa zinazotakiwa, za mtu mmoja, masanduku manne. Nikampelekea nyumbani kwake Jumatano, nikamwonyesha jinsi ya kuipasua ubavuni. Alikubali kwa kichwa. Alhamisi mimi nikiwa zamu hospitalini, yeye alimwomba jirani gari, akazirudisha dukani zote, akabadilisha akachukua sitini kubwa, zile za familia, ambazo ukiikumbatia moja huoni miguu yako.

Niligundua Jumamosi saa tatu asubuhi, jikoni Reynoldsburg, nyama ikiwa tayari inakaangwa. Nilimwuliza kwa sauti ambayo si ya kanisani ni nini hiki. Akanijibu kwa utulivu, akikata kitunguu, kwamba zile nilizonunua zilikuwa za mtoto mchanga. Watu wametoka Buffalo, saa tano na zaidi ndani ya gari, uwape kitu kinachojaa kiganjani? Wataenda kusema Louisville kuna njaa. Nikamwambia hiki si chakula cha kutembea tena, hili ni karai. Nikamwambia sitini kwa watu mia na themanini ni aibu kubwa kuliko udogo. Nilimtuma mtu duka la karibu, akarudi na pakiti ndogo kumi na nane na pole.

"Basi na wale watatu watatu," nilisema, na nilisema kwa kejeli.

Yeye aliacha kisu. Akaniuliza kama kwetu mimi nililelewa nikila sahani yangu peke yangu. Nikasema hapana, tulikuwa watoto saba na sinia moja. Akasema basi, donc, tatizo liko wapi. Na akaendelea na kitunguu.

Kwa kuwa nilikuwa bado na hasira, nikaongeza sheria yangu: kila pakiti, mtu mmoja wa Louisville, mmoja wa Columbus, mmoja wa Buffalo. Ukiwaacha vijana wachague, wa Louisville watakula na wa Louisville mpaka Bwana arudi. Mchungaji Sebagabo aliipenda sheria hiyo kiasi kwamba aliitangaza kama yake.

Gatera alikuwa amefika jana yake jioni. Ndevu zimemwota, mabega yamepanuka. Alimkumbatia mama yake kwa adabu zote, bega hili na bega lile, akamwuliza habari za safari, akasikiliza jibu. Hivyo hivyo ndivyo alivyonikumbatia mimi, na mama wa mchungaji, na bibi mmoja ambaye hakumjua. Kisha akasema anakwenda kuangalia tairi. Mama Gatera alibaki amesimama na mikono yake haijui iwekwe wapi.

Saa sita na nusu tulifungua meza. Mimi napasua pakiti, mwingine anavunja chipsi, Mama Gatera ana mwiko wa nyama. Aliikaanga kavu, akamwaga mafuta, akatia bizari, nyanya na pilipili ya kiasi. Jibini aliliweka mbali, mwisho kabisa wa meza, katika beseni lililofunikwa taulo, ili wazee wapite pasipo kuliona na watoto walipate pasipo kuuliza. Wazee walikuwa na meza yao karibu na mlango, na sahani zao, na wali, kama inavyostahili.

Sikutegemea nilichokiona. Mtu mmoja alibeba pakiti kifuani kama anayebeba mtoto wa kliniki, na wawili wakamfuata kwa uma, huku na huku, maana ukimwacha mwenye pakiti unalala njaa. Msichana wa Columbus alikuwa akimkimbilia mvulana wa Buffalo ambaye ana miguu mirefu na hasikii. Uwanja mzima wa nyasi ulijaa watu watatu watatu wakizunguka, wakicheka, wakiulizana majina. Hakuna aliyekwenda kununua hambaga. Mama Gatera hakumwona hata mmoja wa hao, kwa sababu kila alipomwagia nyama aliinua macho kutafuta uso mmoja katika foleni, na uso huo haukuwamo.

Gatera alikuwa kwenye gari, upande wa pili wa maegesho, ameketi katika kiti cha dereva na mlango wazi. Spés alikwenda mara mbili kumwita. Alisema hana njaa.

Foleni ikaisha. Nilihesabu pakiti nikapata hamsini na tisa zimetoka, nikasema kuna moja imepotea. Haikupotea. Mama Gatera alikuwa ameificha chini ya meza tangu mwanzo. Aliitoa, akaipasua mwenyewe, akaijaza nyama ya chini ya sufuria ile iliyoshika viungo, akaweka nyanya, akalitazama beseni la jibini, akaliacha. Akachomeka uma mbili. Kisha akafungua kitenge alichojifunga begani, akaifunika pakiti kifuani humo ili isipoe. Nilipoona hivyo nililazimika kugeuka nikatafuta kitu cha kuosha.

Njia ya kwenda maegesho inapita mbele ya meza ya wazee. Nilimfuata kwa mbali na mfuko mweusi wa taka, nikijifanya naokota uma. Alipofika mlangoni, mbele ya Mzee Gakunzi na wazee wote wa miji mitatu, alipunguza mwendo. Nilidhani ameingiwa na hofu, atarudi. Akafunua kitenge, akachukua uma mmoja, akachota, akala. Akatafuna akitembea. Sijawahi kumwona mtu akila kwa woga kama ule, na nimewalisha wagonjwa wengi.

Mzee Gakunzi akaweka kijiko chini. "Mama Gatera. Unakula njiani?"

"Ndiyo, Mzee," alisema, mdomo ungali na chakula. "Namupelekea mutoto."

Mzee yule alikuwapo usiku wa pipa, na si mjinga. Alimtazama mama, akatazama gari lililoko ng'ambo, na safari hii hakuwa na methali. Akainamia sahani yake, na wengine wakafanya vivyo hivyo.

Gatera alikuwa amemwona tangu mlangoni. Alishuka garini polepole, akasimama. Mama yake alikwenda mpaka kwake, bado anatafuna, akamnyooshea pakiti kwa mikono miwili. Kijana akaitazama ile nyama, akaona hakuna jibini. Akatazama meza ya wazee.

"Mama, wazee wanaona," alisema. Kwa Kiswahili.

"Waone."

Akachukua uma wa pili. Wakaanza kutembea kando ya uwanja, yeye na mama yake, na sheria yangu ya miji mitatu sikuthubutu kuitaja. Walizunguka mara moja. Mzunguko wa pili walinipita karibu, nami nimeinama kwenye nyasi na mfuko wangu wa taka, na nikasikia.

"Ile ya siku ile sikuionja," Mama Gatera alikuwa akisema. "Ilikuwa tamu?"

Gatera alimeza kwanza. "Ilikuwa imeshapoa, mama. Bus ilichelewa."

"Ningeikula tu vile."

Walikwenda hatua kumi, labda kumi na tano. Kisha Gatera akampokea ile pakiti, kwa kuwa ilikuwa kubwa na mkono wa mama una maumivu ya ghala, akaibeba upande wa mama, chini kidogo, ili uma wake ufike.